Maji Yenye Ladha ya Omena

Juzi mvua ilinikuta mtaani Umoja, nikajibanza chini ya kibanda cha mboga. Mimi ni mtu wa kuhamahama, nimelala chini ya mapaa mengi, lakini mvua ikigonga mabati mkono wangu bado hutafuta karai.

Nilipokuwa mtoto, nyumba yetu ilikuwa papo hapo, na vyumba viwili vya mabati vilivyoongezwa mbele. Baba alifunga kwa waya gata ya kukinga maji ya paa, ikamwaga maji kwenye pipa la bluu. Sheria ilikuwa ya nyanya, bibi yangu, aliyeyatoa mazoea hayo Kakamega: maji ya kwanza yaache yaoshe paa, kisha yeye ayaonje kiganjani. Asipokubali, hakuna anayechota.

Jumamosi moja mfereji wa uani ulikuwa haujatoa maji tangu mwanzo wa wiki, na kesho yake ningeimba ubeti peke yangu kanisani. Gauni langu jeupe lilikuwa na doa la chai kifuani.

"Na doa hilo husimami mbele ya watu," mama alisema. "Maji yakikosa, mwingine ataimba."

Mchana wingu likapasuka. Nilirukaruka uani kama mwendawazimu. Paa likaoshwa, pipa likaanza kujaa, nyanya akakinga kiganja. Akaonja. Akatema.

"Haya si maji. Huu ni mchuzi!"

Tulitazama juu. Jirani yetu, ambaye paa lake lilikuwa kivulini, alikuwa ameanika omena, vile visamaki vya ziwani, juu ya paa letu asubuhi, akaenda sokoni Kariokor. Sasa alikuwa akija mbio, kanga kichwani.

"Woi, omena yangu!"

"Iko kwenye pipa, inaogelea," nyanya akamjibu. "Ngoja tuifundishe kuimba, maana huyu mtoto wetu hana gauni safi kesho."

Mvua ilikuwa inapungua, na mimi nilishaanza kulia. Jirani alinyakua sufuria zake zote, akapita mlango kwa mlango akipaza sauti: "Jameni, nusu sufuria ya maji tu! Mtoto ataimba!" Wakaja: mwalimu na birika, fundi viatu na ndoo, mama wa chapati na beseni lenye unga pembeni. Kila mmoja alimpa nyanya aonje kwanza. Gauni likafuliwa, likapigwa pasi ya makaa.

Nikaimba. Jirani alikaa kiti cha mbele, akapiga vigelegele kabla sijamaliza. Jioni tulikula ile omena, iliyokaangwa kwa nyanya nyingi za sokoni, pamoja na wote walioleta maji.

Leo pale pamesimama ghorofa, na bomba refu linashusha maji ya paa moja kwa moja mtaroni. Hakuna aliyetoka na ndoo. Nilisubiri paa la kibanda lioshwe kwanza, nikakinga kiganja, nikaonja.

"Mathe, uko sawa?" muuza mboga akauliza.

"Niko sawa," nikamwambia. "Ila maji haya hayana ladha."