Kunguru wa Siku ya Kumi

Bosi wangu Prakash ana roho mbaya, nasema wazi na anisikie. Mimi Dorah wa Mumias nilimuuguza mama yake miaka miwili kwenye fleti yao ya Muraqqabat, mtaa wa Deira, Uarabuni: nimemwogesha, nimemlisha, nimemkanda miguu. Mkataba wangu ukaisha Januari 2006. Pasipoti yangu imefungiwa kabatini kwa huyo bwana, na kwetu mama yangu mzazi yuko kitandani, hajiwezi. Kila nikiomba niende nimwone, jibu ni moja: inshallah.

Mama yake Prakash, tuliyemwita Aai, aliyaona hayo. Wiki aliyokufa alimshika mwanawe mkono mbele yangu. "Mpe Dorah pasipoti yake, akamuuguze mama yake." Sir, ndivyo nilivyomwita bosi, akaitikia. Aai akafa, akachomwa kama desturi yao, siku tisa zikapita, pasipoti bado kabatini.

Sasa familia hiyo ina mila yake. Siku ya kumi huweka madonge ya wali juu ya paa, na kunguru lazima aje ale kwa niaba ya marehemu. Asipokula, basi marehemu ana jambo moyoni, na hakuna anayegusa chakula. Tukapanda saa nne asubuhi, jua linachoma. Na kunguru wa Deira, wezi wale wanaobeba hata sabuni, wakakaa juu ya matangi ya maji wakitutazama tu.

Sir akaanza kuahidi. "Aai, nitaacha pombe." Wapi! "Nitamwoza dada vizuri." Kunguru hata kugeuka. Saa saba shangazi zake wameshaanza kulalamika njaa. Mjomba wake, mzee mkali, akauliza, "Prakash, mama yako alikuagiza nini?"

"Hakuna kitu."

Loo! "Muongo!" nikasema kwa Kihindi chao, wote wasikie. "Alikuagiza unipe pasipoti yangu!"

"Nyamaza wewe! Nani kakuuliza?" Madam, mke wake, akanifokea. Lakini mjomba alikuwa ameshamkazia macho mpwa wake. Sir akageukia ukuta, akasema kwa shida, "Aai, nitampa."

Mimi ni mtu wa kanisa, mambo ya ndege siyaamini. Ila kunguru mmoja alishuka, akadonoa. Wakashangilia, wakaenda kula.

Nikangoja siku mbili, kisha nikamfuata Sir sebuleni. Hakuinua hata macho kwenye gazeti.

"Ahadi ile nilimpa Aai, sikukupa wewe. Ameshakula. Khalas, yamekwisha."

Kesho yake ilikuwa siku ya kumi na tatu, karamu ya kumaliza matanga, wageni arobaini wanakuja, na mimi nina sufuria nne motoni. Nikaingia jikoni, nikazima gesi yote, nikavua aproni, nikaenda sebuleni kukaa kwenye kochi lake.

"Basi, Sir, mwite yule kunguru aje awapikie wageni."

Alinitukana matusi yote anayoyajua, hadi akakauka koo. Madam akaja naye akatukana. Nikakaa. Alasiri akanitupia pasipoti miguuni. Nikaiokota. Asante sikusema, na gesi sikuwasha.