Kosa Nililolifanya Mezani kwa Waslovakia

Siku yenyewe naikumbuka vizuri, Brayo mwanangu, ingawa wewe hukuwa hata umezaliwa na mimi bado nilikuwa na nywele kichwani. Ilikuwa mkesha wa Krismasi katika kijiji kimoja chini ya milima ya Slovakia, theluji imefika magotini, nami nimeketi mezani kwa watu walionipokea kama mtoto wao. Hapo ndipo nilipofungua mdomo nikaharibu. Kaa hapo kwenye kochi, binti yangu Wakesho atatuletea chai akishamlaza mjukuu wangu. Zamu yako haijaanza, na nina maneno nawe kabla hujarudi lindoni Al Rayyan.

Sijakuita kukugombeza. Lakini Ijumaa mbili zilizopita, katika sebule hii hii ya binti yangu hapa mtaa wa Fereej Bin Mahmoud, katika nchi hii ya Waarabu, ulikuja na Wasswa, Mganda mnayelinda naye lango moja na kulala naye chumba kimoja. Wageni wakamuuliza anatoka wapi. Kabla hajajibu, ukamjibia wewe: "Huyu ni Mkenya tu. Uganda ni kaunti yetu ya arobaini na nane." Watu wakacheka, hata mimi, Mungu anisamehe. Wasswa naye alicheka, akamaliza chapati yake, akashukuru. Tangu siku hiyo hajakanyaga hapa, na nasikia ameomba ahamishiwe chumba kingine. Wewe unasema ana kiburi. Waswahili walisema nyani haoni kundule, na mimi najua maana yake kwa sababu nyani huyo niliwahi kuwa mimi.

Niliondoka Taita nikiwa kijana, nimepata nafasi ya masomo, nikaenda mji wa Brno kusomea mitambo ya viwanda vya nguo. Nchi ilikuwa moja wakati huo, Chekoslovakia, lakini ndani yake walikaa watu wa aina mbili: Wacheki upande wa magharibi na Waslovakia upande wa mashariki. Lugha zao zimekaribiana kiasi kwamba kila mmoja husema yake na mwenzake akamwelewa. Mechi ikionyeshwa kwenye televisheni, kipindi kimoja kilitangazwa kwa Kicheki na kingine kwa Kislovakia, na hakuna aliyelalamika. Mimi nilitazama mechi hizo kwa miaka nikidhani watangazaji wanapokezana kwa sababu ya uchovu.

Kilichokuwa kikinichoma moyo mimi ni kitu kimoja. Kila niliyekutana naye aliniuliza kama najua Kiafrika. Nilikuwa nikirudi bwenini nimevimba kwa hasira, namlalamikia Ondrej, kijana tuliyeishi chumba kimoja, kwamba Afrika si kijiji, kwamba mimi ni Mkenya, tena Mtaita, na Wataita wana lugha yao. Ondrej alinisikiliza miaka mitatu bila kuchoka. Nilijua kwao ni mashariki huko milimani, lakini kwangu mimi wote walikuwa Wacheki, na nikamwita hivyo miaka yote mitatu. Hakunisahihisha hata siku moja.

Mwaka wa tatu ndio ule ambao nchi nzima ilitoka nje. Nilishuhudia kwa macho yangu wauguzi, mafundi na bibi vizee wakijaa kwenye viwanja vya mji, wakitikisa funguo za nyumba zao juu ya vichwa, mpaka watawala waliowabana miaka arobaini wakaachia madaraka bila vita. Ondrej alinivuta mkono, nami nikatikisa funguo za bweni. Niliwaonea fahari watu wale kana kwamba ni ukoo wangu. Krismasi ilipokaribia akaniambia twende kwao, na nikaenda nikiwa na moyo uliojaa furaha.

Kule kwao wana mila zao za usiku huo. Baba mtu alizungusha mnyororo kwenye miguu ya meza ili jamaa wasitawanyike mwaka unaokuja. Bibi yake Ondrej, mama wa miaka themanini na ushei aliyefunga kitambaa kichwani kama bibi wa kwetu, akachovya kidole kwenye asali akampaka kila mtu alama ya msalaba kwenye paji la uso, mimi nikiwemo. Supu ya kabeji na uyoga ikaletwa. Kabla ya kula, baba akaniomba mimi mgeni niseme neno. Nikasimama na Kicheki changu cha Brno, nikasema kwa sauti kwamba namshukuru Mungu kula Krismasi katika nyumba ya Wacheki, taifa la mashujaa.

Baba akashusha glasi yake taratibu. Masikio ya Ondrej yalikuwa mekundu. Heri kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi, mwanangu. Pale nilijua nimejikwaa, ila sikujua kwenye jiwe gani. Kilichonitia hofu ni uso wa Ondrej, kwa sababu rafiki mwingine sikuwa naye katika nchi ile.

Bibi ndiye aliyesema. Hakupandisha sauti. Alisema amezaliwa ndani ya nyumba ile wakati wafalme walikuwa wengine, na mwalimu alimchapa kwa kusema lugha ya mama yake badala ya Kihangaria, lugha ya watawala wa siku hizo. Ikaja jamhuri waliyoijenga pamoja na Wacheki, vikaja vita vya Wajerumani, vikaja vifaru vya Warusi, na yeye hajawahi kuhama jiko lile. Kisha akanitazama.

"Wacheki ni ndugu zetu, na ndugu ana jina lake nami nina langu. Mjukuu wangu ameniambia unavyoumia ukiulizwa kama unasema Kiafrika. Sasa wewe, ukiumia hivyo, mbona yeye hukumuuliza ni wa taifa gani?"

Niliona aibu. Nikamwomba msamaha bibi, nikamwomba Ondrej, na sikusema nilikuwa natania, maana sikuwa natania. Bibi akasema basi, aliyepakwa asali ni wa nyumbani, sasa aombee chakula kwa lugha ya mama yake. Mwanangu, nilikuwa sijaomba kwa Kitaita tangu niondoke kwetu. Nikaanza kwa kigugumizi, halafu maneno ya mama yangu yakaja yenyewe, nikaomba kwa kirefu mpaka supu ikapoa. Bibi alikuwa anapangusa macho. Aliniambia hajaelewa neno hata moja, lakini sasa ananijua. Kisha wakaniuliza habari za milima yetu na mashamba yetu, nami nikamuuliza Ondrej habari za kwao kwa mara ya kwanza katika miaka mitatu. Sijawahi kujivunia Utaita wangu kama nilivyojivunia kwenye meza ile ya Waslovakia.

Nilikuwa nimesharudi Kenya niliposikia redioni kwamba Wacheki na Waslovakia wanatengana, kila mmoja na nchi yake. Niliogopa, kwa sababu hapa duniani tumezoea kuona ndugu wakigawana wakauana. Wao waligawana mpaka mabehewa ya treni na hakuna aliyemwaga damu. Ondrej aliniandikia kwamba wataendelea kutembeleana kama kawaida. Wanaoheshimiana majina wanaweza hata kuachana kwa salama, na hilo ni jambo la kujivunia kuliko vita walivyoshinda wengine.

Sasa nasaha yangu ni hii. Mkiwa hapa ugenini wote mnaitwa Waafrika, na inakuuma, nimekusikia ukilalamika. Basi usimfanyie Wasswa kile kinachokuuma wewe. Anayecheka pamoja na wanaomcheka hajakubali, anakusitiria tu aibu yako. Nenda leo, kabla hajafungasha. Usimwambie ulikuwa unatania. Mwambie umekosa, kisha muulize kwao ni wapi, mama yake anamwita nani, na kwao huombeaje chakula, halafu nyamaza umsikilize mpaka amalize. Kuuliza si ujinga, na huenda hakuna aliyemuuliza tangu ashuke ndege.

Mungu akutangulie, Brayo. Akupe ulimi wa kukiri na masikio ya kusikiliza, akulinde langoni na njiani, akurudishe kwa mama yako ukiwa na jina lako na la ukoo wako. Na Wasswa umkute bado chumbani kwenu. Chai utaikuta siku nyingine, basi la Al Rayyan haliwangoji wazee wanaoongea.