Barua ya Mama Kwenye Kaseti ya Mamba Wawili

Jamani, kuna aibu ambazo mtu anajifungia nazo chumbani zikaisha, halafu kuna hii yangu, ambayo ilishuhudiwa na karibu nusu ya mtaa wetu wa Buyenzi, kwa hiyo kuificha ni kazi bure. Miaka imepita, nimeota mvi na kitambi, lakini nikiikumbuka masikio bado yanapata moto. Kabla ya kuandika nilimpigia simu mwenzangu niliyekuwa naye siku ile, nikamwomba ruhusa. Akasema, "Andika, lakini usijipunguzie kosa." Sitajipunguzia.

Mwenzangu huyo ni Pasifiki, Mkongomani wa Uvira, ng'ambo tu ya ziwa, aliyevuka kuja Bujumbura vita vya kwao vilipomkuta shuleni (alikimbia vita akaja kwenye vita, alikuwa anasema mwenyewe na kucheka). Mimi ni Rama, mzaliwa wa Buyenzi, baba yangu alikuwa fundi wa magari, Mungu amrehemu. Tulipofika miaka kumi na minane tukaanzisha kundi la rap, watu wawili tu, tukajiita Mamba Wawili, na wakati huo rap ya Kiswahili pale mjini ilikuwa changa kiasi kwamba ukigeuza kofia nyuma mbele tayari wewe ni msanii. Nyimbo zetu zilikuwa ubabe mtupu: hatuogopi giza, hatuogopi bunduki, hatuogopi mtu. Pasifiki ndiye aliyekuwa na kipaji, mimi nilikuwa na mdomo. Na alikuwa na fahari yake, shati limenyooka siku zote, haombi hata maji. Alisema anakaa mtaa wa Buterere kwa tantini, yaani shangazi yake, anapikiwa vizuri mno, na sisi wote tuliamini.

Sasa, enzi zile jukwaani kila mtu aliimba pleibeki. Unarekodi wimbo wako kwenye kaseti, fundi anaipiga, wewe unashika maikrofoni (mara nyingi haina hata waya) na kuchezesha mdomo sambamba na sauti yako mwenyewe. Ustadi wote ulikuwa hapo. Mdomo ukichelewa, watu wanakuzomea mpaka mlangoni kwenu. Kwa hiyo tulijifunza mbele ya kioo cha kabati la mama kanuni moja tu: liwe liwalo, mdomo usisimame. Kumbukeni hiyo kanuni, maana ndiyo iliyonimaliza.

Likatangazwa shindano la makundi ya rap katika ukumbi wa vijana, Jumapili mchana, kwa sababu usiku hakuna aliyeruhusiwa kutembea. Mshindi angepelekwa studio ya kweli kule mtaa wa Rohero, siku nzima, arekodi wimbo upigwe redioni. Pasifiki alipewa habari hiyo na mimi, akakaa chini palepale kwenye vumbi, na shati lake safi, akasema, "Rama, hii ni yetu."

Tulikosa kaseti. Hapo ndipo nilipofanya uamuzi wangu mdogo. Mama yangu hakujua kuandika, na mjomba wangu, kaka yake, alihamia Kigoma vita vilipoanza, kwa hiyo wao wawili waliandikiana kwa kaseti: mama anazungumza, kaseti inakwenda na boti, mjomba anasikiliza, anarekodi majibu juu yake, inarudi. Kaseti moja ilikuwa inavuka ziwa kama abiria. Nikaiona juu ya kabati, nikajua mjomba ameshajibu na mama ameshasikiliza, nikaichukua. Sikuisikiliza hata dakika moja. Ningeisikiliza ningejua kwamba mama alikuwa amesharekodi barua mpya, anasubiri tu boti. Tukarekodi wimbo wetu mwanzoni, dakika nne, tukafuta sehemu ya salamu tu, maana salamu za mama ni ndefu kuliko wimbo wowote wa Mamba Wawili.

Jumapili ukumbi ulijaa, mpaka madirishani. Tuliimba, yaani tulichezesha midomo, na nakuambieni tuliua. Watu walisimama juu ya viti. Wimbo ukaisha, nimeinua mkono mmoja hewani, maikrofoni iko mdomoni, nasubiri makofi, na kwenye zile spika kubwa ikatoka sauti ya mama yangu:

"...na mama Asha anakusalimia, na shehe anakusalimia, mguu yake bado inamuluma..."

Na mimi mdomo ukaendelea. Wallahi sikupanga! Mdomo ulikuwa umezoea, ukafuata, nikawa mimi ndiye ninayemsalimia mjomba kwa sauti ya mama, nimevaa miwani myeusi. Ukumbi ulilipuka kwa kicheko. Fundi wa mitambo, ambaye kazi yake ilikuwa kuzima, akadhani ni sanaa yetu, akaongeza sauti. Nilimtazama Pasifiki, naye anacheka, akaanza kucheza taratibu kama mzee wa harusini. Hapo ningeweza kushuka, nikaenda kuzima mwenyewe, hatua sita tu. Lakini walikuwa wananipigia makofi, jamani, na mimi makofi ni ugonjwa wangu. Nikashika kiuno. Nikaanza kuzungusha mkono kama mama anavyofanya akisimulia.

"Huyu Rama yako ameingia mu muziki ya kelele," mama akaendelea, "anavaa suruali ya marehemu baba yake, imemupita, anafunga na kamba. Ati yeye haogopi mutu. Kaka, ule bata wa jirani akisimama mu njia, Rama anazungukia kwa musikiti!"

Watu walilia machozi. Mimi nikajishika kichwa, nikaigiza bata, nikaigiza kamba ya suruali (ambayo, ndiyo, nilikuwa nimeifunga siku ile ile). Nikajiona msanii mkubwa wa Afrika ya Kati.

"Kuna na ule rafiki yake, Pasifiki. Mutoto muzuri, kaka. Anasema tantini yake wa Buterere anamupikia. Tantini alirudi Uvira tangu zamani. Mutoto analala mu garaji ya hapa mutaani, chini ya lori. Mi sijamwambia kama najua. Saa ya kula nasema tu, ah, leo wali imezidi, itaharibika, mukae. Anakula kidogo kidogo, ati ameshiba. Hata Rama hajui, na usimwambie mutu, atasikia haya..."

Nilikuwa nimeshika kiuno. Mkono mwingine ulikuwa unaonyesha jinsi mtu anavyokula kidogo kidogo. Ule mkono nimeutazama mara nyingi tangu siku hiyo. Akili ilikuwa imeshasikia, mwili bado unatafuta makofi, na kicheko kilikuwa kinapungua safu kwa safu, kuanzia mbele, walipokaa vijana wanaotujua. Pasifiki aliacha kucheza. Aliweka maikrofoni chini polepole, kama anayeweka yai, akashuka kwa ngazi ya mbele, akapita katikati ya watu wote, kichwa juu, akatoka nje kwenye jua.

Hapo ndipo mdomo wangu ulipofungika. Fundi akazima.

Mngedhani aibu imeishia hapo. Waamuzi watatu walikaa wakanong'onezana, na yule wa katikati, aliyekuja kutoka Rohero na hakumjua mtu Buyenzi, akasimama akasema kwamba kundi hili limeleta kitu kipya, limechanganya rap na tamthilia, na mwisho ule wa kijana kuondoka umemgusa sana. "Na ule mama mumemutoa wapi? Anacheza vizuri!" Tukashinda. Nami, badala ya kusema ukweli, nikainua mkono, nikasema asante.

Nyumbani habari ilishafika kabla yangu (Buyenzi habari haina breki). Mama alikuwa amekaa kwenye mkeka na hakunipiga, heri angenipiga. Alisema, "Ile maneno nilimwambia kaka yangu. Sikukuambia we." Kisha akaingia jikoni, akapika wali kama kawaida, kiasi kile kile, na jioni ilipoingia fungu la Pasifiki likabaki kwenye sufuria.

Kesho yake asubuhi nikaenda garaji. Pasifiki alikuwa amekaa kwenye tairi, anavaa viatu. Nikaanza kujitetea: kaseti, boti, fundi, kwamba hata mama hakuwa na nia mbaya. Akaniacha nimalize yote.

"Mama yako hakunikosea," akasema. "Yeye alinifichia aibu. Hata we kuchukua kaseti si kitu. Lakini nilikuangalia, Rama. We ulikuwa unafanya mikono."

Akamaliza kufunga viatu, akainuka.

"Studio ni siku gani?" akauliza.

"Jumamosi."

"Nitakuja."

Na alikuja. Alirap vizuri kuliko siku zote, hakukosea hata neno, akampa mkono kila mtu mle ndani, na mimi pia. Wimbo ulipigwa redioni wiki kadhaa, watu walikuwa wananisimamisha njiani. Lakini nyumbani kwetu hakukanyaga tena. Mama alimtuma Asha wa jirani, akamtuma shehe, mwishoni akaenda mwenyewe hadi garaji, akasimama mlangoni akamwambia, "Mwanangu, kuja basi." Pasifiki aliinuka kwa heshima, akasema, "Asante mama, nimeshakula." Wote wawili walijua hajala.

Ndipo mama akarekodi barua nyingine, mimi nikimshikia redio, na safari hii aliruka salamu zote. Alimwomba mjomba amtafutie kijana kazi pale bandarini Kigoma, upesi, kwa sababu hapa hawezi tena kumlisha. Mjomba alipata. Pasifiki akapanda boti na begi moja, na Mamba Wawili wakabaki mmoja, na mmoja huyo hakuwa na kipaji.

Leo Pasifiki ana watoto wanne na duka la vipuri, tunaongea kwenye simu, tunacheka mengi. Mama alipofariki alivuka ziwa kuja kuzika, akakaa siku tatu msibani, akala kwetu. Kuhusu ule ukumbi hatukuwahi kuongea mpaka nilipomwomba ruhusa juzi.

Mimi rap niliacha. Kwenye harusi wakiniambia nichekeshe watu nachekesha, kipaji cha mdomo hakikuondoka, lakini nimejiapiza: wakianza kunipigia makofi, kwanza natafuta ni nani pale ndani ambaye hacheki, na nikimwona, nanyamaza hapohapo, hata kama sijamaliza.