Simu Ikiachwa, Itakaa Eda?

Pale Malindi, simu zote zapitia mkononi mwa Jedida, opereta aliyetoka Machakos, azijuaye sauti zetu kuliko wake zetu. Mimi Mwambire, mwenye simu peke yangu Jilore nzima, nambari sizitaki. Nanyanyua tu, nasema, "Nipe Gona wa korosho," nami napewa.

Mwaka wa themanini na nne redio ikasema serikali ya Uingereza imeiachilia kampuni yake ya simu, matajiri waishindanie. Nikanyanyua yangu nimchokoze Jedida.

"Mwanangu, simu imepewa talaka! Itakaa eda, ama itaolewa papo hapo?"

Akajibu bila kucheka:

"Yakifika huku, mjomba, tajiri atanilipa mimi kwa kukumbuka sauti? Si ataleta mashine? Nina watoto watatu, nami kazi nyingine siijui. Na wewe je? Nani atavuta waya hadi Jilore kwa simu moja?"



Tangu hapo, kila asubuhi nanyanyua simu, hata kama sina wa kumpigia. Akisema, "Shikamoo, mjomba," ndipo chai yapita kooni.