Mtoto Aliyezikwa Nje ya Ua wa Kanisa

Askofu alikataa kumzika mtoto wa dada yake. Hakuzuiwa na safari wala maradhi. Alikataa tu, akafunga mlango wa kanisa, ufunguo akautia mfukoni.

Wakati huo alikuwa kasisi kijana, na dada mtu ndiye aliyemfulia na kumpigia pasi kanzu. Dada huyo alizaa bila ndoa. Kaka akamtenga na meza ya Bwana, akasema mtoto hatabatizwa mpaka mama atubu mbele ya waumini. Akatubu, uso chini. Kaka akasema bado, asubiri Pasaka. Homa ya mtoto haikusubiri Pasaka.

"Kaka, mwenzio nakufa," alimlilia katika chumba cha kuvalia. "Maneno mawili tu ya kumzika."

"Kitabu cha Sala hakina maneno ya kumzika asiyebatizwa. Mimi sikukiandika."

Jirani, fundi seremala, ndiye aliyechimba kaburi, nyuma ya ua, palipotupwa maua makavu ya madhabahuni.

Ugumu huo ndio uliompandisha cheo. Watu walimwita Msumari, maana akishaingia hang'oki. Hakufungisha ndoa za walioachana. Kwenye mkutano wa sinodi alipinga wanawake kupewa ukasisi hadi sauti ikamkauka, na wazee wakanong'ona, huyu ndiye. Akawa kanoni, akawa askofu. Dada akamfuata kwenye nyumba ya askofu, chumba cha nyuma ya jiko, kwa kuwa hakuwa na pa kwenda. Akapiga pasi majoho yenye mikono mipana, na hata jikoni akalazimika kumwita kaka yake Baba Askofu.

"Wifi, mbona joho hilo unalipiga pasi kama unamchapa mtu?" mke wa askofu alimtania.

"Laiti mwenyewe angekuwa ndani!"

Wakacheka wote wawili, lakini mmoja hakuwa anatania.

Mwaka wa kustaafu, askofu aliwafundisha mashemasi wapya sebuleni. Dada alikuwa akimimina chai.

"Mtoto akiwa mahututi na kasisi yuko mbali," askofu alisema, "Mkristo yeyote anaweza kumbatiza. Maji, na jina la Baba, Mwana na Roho Mtakatifu. Hata mama mzazi."

Chai ikajaa kikombe, ikafurika sahani, ikamwagika mezani. Siku ile ya homa alikuwa amepakata beseni la maji, akimkanda mtoto kwa kitambaa. Maji yalikuwepo. Aliyekosekana ni wa kumwambia.

Wageni walipoondoka, hakumwita Baba Askofu.

"Kaka, ulijua?"

"Nilijua."

"Ukanyamaza!"

"Ulikuwa umetengwa. Ningekuonyesha njia ya mkato, adhabu ingekuwa mchezo."

"Basi vaa joho twende kaburini. Mwombee leo."

Askofu alitazama mikono yake. "Nikimwombea wako, mama za wale wengine nitawaambia nini?"

Miaka yote dada alidhani aliyezikwa bila sala ni wake peke yake. Akakaa kwenye kiti cha wageni, na hakuna aliyemwinua.

Sasa askofu amestaafu, pumzi inamkatika akipanda ngazi, na uji wake bado unapikwa na dada. Anadaiwa sala moja, isomwe mchana, mbele ya watu, kwa sauti ileile ya sinodi. Wanaomdai ni dada yake na mama wengine anaowajua yeye tu. Mdaiwa ni yeye, si Kitabu, na akifa na deni hilo hakuna wa kumlipia.