Mfua Jezi na Mbayuwayu wa Kichwa Chini

Jumatatu, misa ya kwanza ya Castelrivo imemalizika sasa hivi na Ersilia Bonazzi bado hajavua kitambaa chake cha kanisani. Anakunja mikono ya sweta, anafungulia maji ya baridi, anazitumbukiza jezi kumi na nne ndani ya karo la saruji, moja moja, kama mtu anayeogesha watoto.

Tope la bonde la mto Po ni zito, na huing'ang'ania nguo kama ndugu mwenye shida. Ersilia halichezei.

"Ukilitia maji ya moto umekwisha," anasema bila kuinua kichwa. "Linaingia ndani ya uzi, linakaa humo mpaka Siku ya Hukumu. Maji ya baridi kwanza. Halafu sabuni ya nyongo. Halafu subira. Mashine ni baadaye."

Sabuni hiyo hutengenezwa kwa nyongo ya ng'ombe, na harufu yake haina rafiki. Nahodha wa timu, Debora Ferrarini, fundi umeme mwenye miaka ishirini na saba, anapita mlangoni akiwa ameziba pua.

"Shangazi, leo umechinja?"

"Nimemchinja mmoja aliyekosa penalti jana. Hebu sogea nikuone vizuri."

Debora anacheka, kisha anaangalia viatu vyake. Aliyekosa ni yeye.

Ersilia ana miaka sabini na mitatu. Ni mjane, mstaafu wa kiwanda cha soksi, na amefua jezi za timu ya wanawake ya Castelrivo tangu siku ya kwanza timu hiyo ilipoingia uwanjani. Kwa miaka arobaini na mitano hakupewa ujira wowote. Sasa hupata euro 180 kwa mwezi, ambazo mwenyewe anasema zinatosha umeme na mishumaa ya Mtakatifu Ana. Vidole vyake vimepinda kwa baridi. Hajawahi kucheza hata dakika moja.

Aliyecheza ni Nives, dada yake.

Mwaka 1971 Nives Bonazzi alikuwa na miaka ishirini na miwili, na alifanya kazi kwenye mashine za kufuma soksi. Aliwakusanya wasichana kumi na wawili wa zamu yake, akamwomba mwenye kiwanda vitambaa vya jezi, akamwomba padri uwanja wa nyuma ya kanisa. Padri alisali juu ya jambo hilo wiki nzima kabla ya kukubali. Mwenye kiwanda alikubali siku hiyo hiyo, ila kwa sharti kwamba timu ichukue jina la soksi zake, Rondine, yaani mbayuwayu.

Mechi ya kwanza wanaume walijaa ukingoni wakiwa na mvinyo na maneno yao.

"Rudini nyumbani mkasonge polenta!" mmoja alipiga kelele, akimaanisha ugali wa mahindi wa kwao.

Nives alisimama katikati ya mchezo, mikono kiunoni. "Nimeshaisonga, iko mezani! Nenda kale, mama yako anakungoja!"

Ersilia anasimulia hayo huku akisugua, na kwa mara ya kwanza asubuhi hii anatabasamu. Kisha tabasamu linaondoka. Nives alikuwa nahodha kwa miaka tisa, akivaa namba nne. Alifariki miaka mitatu iliyopita, katika majira ya baridi, mapafu yakiwa yamechoka. Siku za mwisho hakuulizia dawa wala padri, maana padri alikuwa amekwishafika. Aliulizia matokeo ya Jumapili.

Mwanzoni mwa mwaka huu, klabu ya wanaume ya mji huo ilikubali kuichukua timu ya wanawake. Zilikuwa habari njema: uwanja wenye taa, daktari, basi lenye joto. Na kwenye ukuta wa njia ya kuingilia uwanjani, upande wa kushoto, yangeandikwa majina ya manahodha wote wa kike tangu timu ilipoanzishwa.

Mwenyekiti, Ivano Morelli, alileta orodha mwenyewe mpaka chumba cha kufulia. Ersilia alikausha mikono, akavaa miwani, akasoma. Juu kabisa palikuwa pameandikwa: Ilianzishwa 1986. Alisoma tena, kidole kikishuka taratibu. Nives hakuwamo.

Ubaya ulikuwa kwenye majina. Zamani timu za wanawake za huko ziliishi kwa jina la aliyezipa nguo. Baada ya soksi alikuja mtengeneza salami, zile soseji nene za nyama, na kwa miaka mitano wasichana wakaitwa Salami, jambo ambalo vijana wa mjini walilifurahia kuliko wao. Ikaja kampuni ya majokofu. Mwaka 1986 kikaja kiwanda cha vigae, Vesta, na jina hilo likabaki mpaka leo. Makaratasi yaliyokuwapo yalianzia hapo. Ya nyuma yalihifadhiwa chini ya ukumbi wa parokia, na mafuriko ya mwaka 2000 yakaingia humo.

"Mto uliyasoma yote," Ersilia anasema. "Ukasoma ukaondoka nayo."

Morelli si mtu mbaya, na Ersilia analirudia hilo mara mbili, asije akasengenya. Ersilia alipomuuliza kuhusu Nives, alimjibu kwa upole.

"Mama Ersilia, sikatai kwamba dada yako alicheza. Lakini ile ya soksi ilikuwa timu nyingine. Ikafa. Ya salami ikafa. Ya majokofu ikafa. Hii yetu ni Vesta."

"Haikufa hata moja. Ilibadilishwa nguo tu, mwanangu. Maiti hata mimi nazijua."

"Basi nionyeshe kitu. Si lazima karatasi. Kitu chochote."

Kulikuwa na picha moja, ukumbini kwa padri: wasichana kumi na mmoja, haina majina wala mwaka. Morelli alikuwa ameiona. Alisema wangeweza kuwa wasichana wa mji wowote.

Ersilia alikuwa na kitu, ila hakutaka kukigusa.

Klabu haikuwa na uwezo wa kununua jezi mpya kila jina lilipobadilika. Kwa hiyo kila alipokuja mfadhili, Ersilia alishona nembo yake juu ya nembo iliyotangulia. Hakuwahi kufumua ya chini. Nives ndiye aliyemkataza: "Usifumue. Hawa wakitukimbia, tutarudi kwa wale." Jezi hizo nzito za pamba, zenye viraka kila mahali, zilivaliwa miaka ishirini, na vifua vyake vikawa vigumu kama godoro dogo. Zote zilichakaa zikatupwa, isipokuwa namba nne. Ilikuwa kabatini kwa Ersilia, imefungwa ndani ya shuka pamoja na maua makavu ya lavenda. Jasho la Nives lilikuwa limefuliwa humo mara zisizohesabika, lakini mikono ya jezi ilikuwa bado imekunjwa alivyoikunja yeye.

Kuifumua ilikuwa kama kufukua kaburi. Ersilia alisali novena, siku tisa, akimwomba Mtakatifu Ana amwonyeshe njia nyingine. Siku ya kumi njia nyingine haikuwa imeonekana. Alichukua wembe wa marehemu mumewe, akaenda kwenye kikao cha klabu.

Walikuwa wanaume sita na Debora. Debora alikuwa ameibeba ile picha kutoka ukumbini, maana Ersilia alimwagiza ailete bila kumweleza sababu.

"Bibi Bonazzi, kikao hiki ni cha uongozi," mjumbe mmoja alisema.

"Najua. Endeleeni. Mimi nafumua tu."

Aliitandaza jezi mezani, juu ya makaratasi yao. Nyuzi za nembo ya vigae zilikatika moja baada ya nyingine. Alipoiondoa, chini yake palikuwa na jokofu la buluu. Mjumbe yule yule akasema polepole, "Baba yangu alifanya kazi hapo." Ersilia aliendelea. Jokofu likatoka, ikaonekana salami, nyekundu, imepauka kama kidonda kilichopona.

"Hiyo ndiyo salami yenyewe?" Debora alinong'ona, akimulika kwa simu.

"Ndiyo yenyewe. Shika mwanga vizuri."

Salami ilipotoka, chini kabisa alikuwa mbayuwayu wa uzi mweusi, mabawa wazi, ameshonwa kichwa chini, miguu juu.

Morelli aliinuka. Aliivuta ile picha, akavaa miwani, akainama mpaka pua ikakaribia kioo. Wasichana kumi walikuwa na mbayuwayu anayeruka. Wa katikati, mwenye mpira mguuni, alikuwa na wa kwake anayeanguka.

"Nani alishona hivi, Mama?"

"Nives. Hao kumi niliwashona mimi. Wake alishona mwenyewe, na kushona alikuwa hajui. Nikamwambia lete nifumue, akasema mechi ni saa tisa, mwache aanguke, mradi aangukie golini kwao."

Mmoja alianza kucheka, akaacha. Morelli alikaa. Alichukua kalamu, akaukata ule mwaka 1986, akaandika mwingine juu yake. Kisha akauliza majina, na Ersilia akamtajia Nives, akamtajia na wawili waliomfuata, herufi kwa herufi, asije akakosea.

Yule mbayuwayu hakumfumua. "Huyo nyuzi zake si zangu," anasema.

Tangu siku hiyo jezi imekaa juu ya meza ya chumba cha kufulia, nembo tatu zikiwa zimepangwa pembeni kwa mfuatano. Ersilia anataka kuzirudisha zote kama zilivyokuwa kabla ligi mpya haijaanza Septemba, jokofu juu ya salami, vigae juu ya jokofu. Macho hayamsaidii tena. Debora humtungia uzi kwenye sindano asubuhi kabla ya kwenda kazini, sindano sita kwa mara moja, akizichomeka kwenye kipande cha sabuni.

"Ile ya nyongo, Shangazi? Kwani sabuni nyingine zimekwisha?"

"Chomeka wewe. Sindano hazina pua."

Wiki iliyopita mchoraji alikuja kupima ukuta. Alikuwa na picha ya yule mbayuwayu, atakayechorwa juu ya majina, kwenye simu yake, na akamwambia Ersilia asiwe na wasiwasi, kosa lile dogo ameshalisahihisha, ndege amekaa sawa.

Ersilia aliinua mikono kutoka kwenye maji ya baridi.

"Mgeuze, baba," alimwambia. "Akiwa kichwa juu, huyo si wetu."

Mchoraji atarudi Alhamisi. Ersilia amesema atafua mapema siku hiyo, kisha atakaa na kiti chake pale ukutani, na rozari yake, mpaka ndege aanguke inavyotakiwa.