Saa Nne ya Bamvua Mtoni Zigi

Mto Zigi si wa kujivunia ukiutazama kwenye ramani ya darasani. Ni kamstari tu. Unazaliwa kule Amani, kwenye misitu ya Usambara, unateremka mbio kama mtu aliyesahau chungu jikoni, unazuiwa bwawani ili mji wa Tanga upate maji, halafu kinachobaki kinapita mashambani na kwenda kuingia baharini. Chombo kinapita kipande cha mwisho tu, kuanzia kwenye mikoko ya mdomoni mpaka penye mawe. Ukifika penye mawe, shuka utembee.

Kipande hicho ndicho mama yangu mdogo alichokipenda kuliko mumewe, na mumewe anajua. Mama mdogo ana mashua ya kubebea nazi, na mwaka huu akaingiwa na wazo la kubeba wanafunzi, wauone mto na kujua habari zake. Bibi yetu alimsimulia kwamba baba yake yeye bibi alikuwa akishusha marobota ya katani kwa mashua mtoni humohumo, na mama mdogo hakuvumilia habari hizo zipotee huku sisi wa mjini, mtaa wa Nguvumali, tunaujua mto kupitia bomba. Mwalimu wetu wa jiografia akakubali kujaribu na darasa letu. Safari ikifana, madarasa mengine yatafuata. Ikiharibika, atarudi kwenye mazoea ya kila mwaka, yaani basi mpaka mapango ya Amboni kutazama popo.

Mjumbe kati yao alikuwa mimi. Hapo ndipo mama mdogo alipokosea.

Aliniagiza waziwazi niseme Jumamosi ya bamvua, saa nane mchana. Sasa alasiri hiyo mtaani kulikuwa na harusi, na gauni langu lilikuwa limeshatoka kwa fundi. Nikapiga hesabu zangu. Bamvua ni maji makubwa, kila mtu anajua. Maji makubwa hayaendi sokoni asubuhi yakarudi mchana. Nikamwambia mwalimu saa nne asubuhi.

Tulipofika, mto haukuwepo. Kulikuwa na tope jeusi linalong'aa, kaa wanatembea kama wenye nyumba, na katikati kijito ambacho mbuzi angevuka bila kulowa tumbo. Mashua ililala ubavu. Mama mdogo alikuwa kando yake na ndoo, akiisugua, kanga kaifunga kiunoni. Alipoona wanafunzi arobaini na vyombo vyao vya chakula, ndoo ilimponyoka.

Ndipo nikakumbuka kile ambacho hata mtoto wa chekechea wa kijiji cha pwani cha Mkwaja angeniambia: siku za bamvua maji yanajaa kupita kiasi, na siku hizohizo yanakupwa kupita kiasi. Saa nne asubuhi ndiyo kavu kuliko zote. Mtoto wa pwani mimi, jamani.

Wenzangu wakaanza. Mmoja akauliza kama mashua hii ina magurudumu. Mwingine akavua viatu, akaingia topeni mpaka magotini, akatangaza kwamba amefika Pemba. Siku nyingine ningekuwa wa kwanza kucheka. Mwalimu hakucheka. Yeye ni mtu wa Dodoma, mito ya mchanga anaijua, lakini hapa aliahidiwa maji. Akamwambia mama mdogo, kwa upole wa kuumiza, kwamba hawezi kuleta watoto wa watu kwa mtu asiyejua saa za mto wake, na kwamba basi la Amboni bado lingepatikana.

Mama mdogo alinitazama mara moja. Akainama kuokota ndoo. Angenitaja ningepata pa kubishia. Kutonitaja ndiko kulikonimaliza.

"Mwalimu," nikasema, "alisema saa nane. Mimi ndiye niliyebadilisha. Nilitaka kuwahi harusi."

Mwalimu aliniangalia, halafu akaliangalia tope. Akamgeukia mama mdogo. "Kwa hiyo maji yanakuja?"

"Yanakuja, mwalimu. Hayajawahi kunidanganya. Mwanangu huyu ndiye mwenye tabia hiyo."

Tukangoja. Tukala vyakula vyote. Mama mdogo akachomeka kijiti topeni kila hatua chache, akatueleza habari za katani na babake bibi, na kila maji yalipomeza kijiti kimoja darasa lilipiga makofi kama kwenye mpira. Bahari ilikuwa inaingia mtoni kinyumenyume, mbele ya macho yetu, na mwalimu aliandika mpaka kalamu ikaisha wino.

Saa nane mashua ikanyanyuka. Tulipanda kwa makundi, maji yenyewe yakitupandisha mto, pondo la kusukumia chombo likigusa tu. Mama mdogo alitwambia tuonje njiani. Chumvi, chumvi, chumvi kidogo, halafu karibu na mawe, matamu kabisa. Mwalimu alionja mara tatu kwa kiganja, akatikisa kichwa kama aliyeonyeshwa mazingaombwe.

Harusi sikuiwahi. Ngoma zake nilizisikia kichwani tu, nikiwa nasukuma mashua ya kundi la mwisho itoke kwenye mikoko, gauni la shule limejaa tope jeusi mpaka kifuani.

Tukiwa tunashuka, mwalimu alimuuliza mama mdogo bamvua ijayo inaangukia lini, maana kidato cha pili wako wengi kuliko sisi. Akaandika siku, akaandika saa, kisha akamwomba mama mdogo namba yake ya simu, asipitie tena kwa mjumbe.